Elimu ya Kope: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Elimu ya Kope ni falsafa niliyoibuni kwa ajili ya dunia ya hadithi iitwayo Mazimo. Haina chuo wala shehe wake, na nje ya masimulizi yangu hakuna anayeifuata. Hata hivyo, kila nikiieleza, watu hunirudia na maswali yaleyale, mengine ya kunichokonoa hasa, ndiyo maana nimeyakusanya hapa. Nikisema "kule" namaanisha Mazimo. "Kwetu" ni dunia hii tunayoikanyaga.

Kwa ufupi, elimu hii inasema nini?

Kwamba fahamu haikai katika kuona, inakaa katika kufumba. Sisi wengine tunadhani tunaona muda wote, na kupepesa ni kupangusa jicho tu. Wafumbaji, kama wanavyoitwa wafuasi wake, wanasema jicho lililo wazi linaokota vipande. Kope zikigusana ndipo vipande vinashonwa kuwa dunia. Ukiwauliza "anayeshona ni nani?" watakucheka, maana umeshamweka fundi kabla ya nguo. Kwao hakuna fundi aliyekaa ndani ya kichwa na sindano yake. Kuna mshono, na huo mshono ndio unaojiita "mimi".

Kwa nini kope? Kwa nini usichague moyo, au pumzi?

Moyo na pumzi vimeshafanyiwa kazi sana. Kope hakuna anayeijali, na hapo ndipo nilipovutiwa.

Piga hesabu kidogo. Mtu mzima hupepesa takriban mara 15 hadi 20 kwa dakika. Chukua 15, na useme kila mpepeso unakula sehemu moja ya tano ya sekunde. Hizo ni sekunde 3 kila dakika. Ukiwa macho kwa saa 16, umekaa gizani dakika 48. Leo hii, tangu uamke, umepitisha giza la kutosha kupikia chakula, na hukumbuki hata chembe yake. Limekwenda wapi?

Sababu ya pili ni lugha yenyewe. Tunafumba macho, tunasema kwa fumbo, tunafumbua jicho, tunafumbua fumbo. Hilo sikulitunga mimi. Nililikuta limekaa pale siku zote kama ufunguo uliosahauliwa juu ya kabati, nikauchukua.

Mzimo ni nini?

Mara moja kila siku, kwa saa isiyojulikana, jua la kule huzimika kwa muda wa pumzi moja. Hakuna machweo, hakuna wekundu. Linazimika kama taa iliyopulizwa, kisha linawaka tena. Kuku husimama na mguu mmoja juu. Aliyekuwa akimimina maji huacha mtungi hewani, maana kila mtoto hufundishwa tangu anatambaa: jua likizima, usisogee.

Jua linaporudi, kuna kitu kimoja mahali fulani ambacho hakiko tena kama kilivyokuwa. Huwa ni kitu kidogo. Ngazi ya vidato kumi na kimoja sasa ina kumi na viwili. Mlango uliokuwa ukifunguka kwa ndani sasa unafunguka kwa nje, na bawaba zake zina kutu ya miaka. Kila mtu anakumbuka kwamba ndivyo ulivyokuwa siku zote, na mwenye nyumba yuko tayari kukuapia.

Kwa wafumbaji, mzimo ni kope ya dunia. Kama jua nalo hupepesa, basi na dunia nayo inashonwa.

Kama hakuna anayekumbuka, wanajuaje kwamba kuna kilichobadilika?

Hili ndilo swali ninalolipenda kuliko yote, na mtu wa kwanza kuniuliza aliniharibia sura nzima niliyokuwa nimekwisha kuiandika.

Kila kijiji kina watunza kamba wawili. Alfajiri hupita kila mmoja kwa njia yake, wakigusa na kuhesabu: vidato, nguzo, mawe ya kisima. Kila hesabu hufungwa vifundo kwenye kamba. Watunzaji hao hawakai nyumba moja, wala hawazungumzi mpaka jioni. Jioni kamba hulazwa sambamba sakafuni, na vidole hupita juu yake kifundo kwa kifundo.

Zikilingana, hakuna anayelala kwa amani, maana huenda zimebadilika zote mbili. Zikitofautiana, kuna lililotokea, ila huwezi kujua kama kilichobadilika ni ngazi au ni kamba. Kwa hiyo ushahidi wao una maana pale tu unapogongana, na hata hapo hauelezi ukweli uko upande gani.

Kwetu fumbo la namna hiyo lilishawekwa mezani. Mwaka 1921 mwanafalsafa wa Uingereza, Bertrand Russell, aliandika kwamba kimantiki hakuna kinachozuia dunia kuwa imeanza dakika tano tu zilizopita, ikiwa na watu wanaokumbuka mambo ya kale ambayo hayajawahi kutokea. Yeye alilitaja akapita zake. Mimi nilitaka kuona watu wanaolazimika kupika, kuoa na kudaiana wakiwa wanaishi humo.

Wafumbuzi ni akina nani, na kwa nini wanachukiana na wafumbaji?

Wafumbuzi wanasema dunia hubadilika kwa sababu tunaiachia. Jicho, kwao, hutoa miale inayokishika kitu na kukizuia mahali pake. Ukipepesa, umekiachia. Kwa hiyo hujizoeza kukodoa. Utawajua kwa macho mekundu na machozi yaliyokauka mashavuni, na msemo wao ni ule tunaoujua sote: mwenye macho haambiwi tazama.

Habari ya miale kutoka jichoni si upuuzi nilioutunga ili wachekwe. Euclid na Ptolemy, wataalamu wa kale walioandika kwa Kigiriki, waliamini hivyo, na fikra hiyo ilitawala kwa karne nyingi. Aliyeipa pigo kubwa ni mwanazuoni Ibn al-Haytham, mzaliwa wa Basra mnamo mwaka 965. Alisema mwanga ndio unaoingia jichoni, na akataja jambo ambalo yeyote analijua: ukitazama mwanga mkali, jicho linauma. Kule Mazimo hajazaliwa mtu wa kuwaambia.

Kuna kejeli moja niliyoificha humo. Mwaka 1804 daktari wa Uswisi, Ignaz Troxler, alieleza kwamba ukikaza macho mahali pamoja bila kuyasogeza, vitu vya pembeni huanza kufifia mpaka vinatoweka. Maana yake, wafumbuzi wanaokodoa ili wasipoteze kitu ndio wanaovipoteza vitu mbele ya macho yao wenyewe. Bado hakuna aliyewaambia hilo pia.

Mwanafunzi anaanzaje?

Kwa zoezi la kokoto. Nitalieleza polepole, maana wengi hudhani ni mchezo wa kubahatisha.

Kuna bakuli pana la maji, na ndani yake kokoto saba. Mwalimu hukaa upande wa pili, mikono yake imezama mpaka juu kidogo ya viganja na imekaa humo muda mrefu hadi vidole vimekunjana ngozi. Mwanafunzi hutazama kokoto na kupepesa kama kawaida yake. Katika baadhi ya mipepeso hiyo, mwalimu husogeza kokoto moja, upana wa ukucha tu. Maji yasitikisike. Mwalimu anayetikisa maji hana sifa ya kufundisha, na inasemekana huchukua miaka mingi kuipata mikono ya namna hiyo.

Baadaye mwalimu haulizi ni ipi iliyosogea. Hilo mtoto yeyote anaweza kubahatisha. Anauliza: "Ni lini ulianza kuamini kwamba ile ilikuwa pale tangu mwanzo?"

Anayejibu haraka hutumwa akachote maji mapya. Anayesema "sijui" naye hutumwa. Anayebaki kitini ni yule aliyefungua kinywa ajibu, kisha akajikamata akiwa katikati ya kutunga.

Kuna madaraja mangapi?

Matatu. Kope ya nje ni ya mwili, hii unayoigusa kwa kidole. Kope ya kati ni ya usikivu: kila unapoegemeza akili upande mmoja, upande wa pili umeufumba, hata kama macho yako yako wazi kabisa. Kope ya ndani ni ile inayojifumba juu ya anayetazama. Wengi huishia ya kati, nami pia, kwa maana ya kuandika. Ya ndani nimeieleza mara moja tu, na sikuridhika nayo.

Mfumbaji aliyefuzu anaweza kufanya nini? Ni uchawi?

Anaweza kulala kopeni. Ndivyo wanavyoita kupita ndani ya mpepeso wa mtu mwingine, ili mshono wake ukuruke. Huwi hewa, huwi kivuli. Umesimama pale pale, miguu yako inatoa sauti, ila yule mtu anashona dunia isiyo na wewe.

Kabla hujasema haiwezekani: mwaka 1999 wanasaikolojia Daniel Simons na Christopher Chabris waliwaonyesha watu video ya wachezaji wakirushiana mpira, wakawaomba wahesabu pasi. Katikati ya mchezo alipita mtu aliyevaa vazi la sokwe, akasimama, akajipigapiga kifua, akaenda zake. Karibu nusu ya watazamaji hawakumwona. Macho yao yalikuwa wazi. Hiyo ndiyo kope ya kati, bila uganga wowote.

Kule kuna gharama, na gharama ndiyo iliyonifanya niandike hadithi yenyewe. Ukilala kopeni mara nyingi, mshono huzoea kukuruka. Mama yako anaandaa sahani nne, kisha anabaki ameitazama ya tano iliyobaki rafuni, hajui kwa nini anaitazama. Siku inafika unamwita kwa jina, anageuka upande wako, anasema, "Nani kaacha dirisha wazi?"

Na vipofu? Elimu hii si imewaacha nje?

Nilikosea hapa mwanzoni. Katika rasimu ya kwanza kipofu alikuwa mzee wa busara aonaye yajayo, mhusika ambaye tumeshamtumikisha mpaka amechoka. Nikamwondoa.

Sasa mafundisho yanasema kila hisi ina kope yake. Ngozi hufumba: nguo uliyovaa sasa hivi hukuwa ukiisikia mpaka nilipoitaja. Sikio hufumba: mlio wa feni hukuwepo hadi feni ilipozimwa. Basi asiyeona ana kope nyingi kama mtu mwingine yeyote, na watunza kamba wengi hodari kule ni vipofu kwa sababu ya kawaida kabisa, kwamba wamezoea kuhesabu kwa vidole.

Kuna mjadala wa kwetu ulionisaidia. Mwaka 1688 William Molyneux alimwandikia mwanafalsafa John Locke akimuuliza: mtu aliyezaliwa kipofu, anayeujua mchemraba na tufe kwa kugusa, akipata kuona ghafla, ataweza kuvitofautisha kwa macho tu? Utafiti uliochapishwa mwaka 2011, uliofanywa India kwa vijana watano waliotibiwa upofu wa kuzaliwa, ulionyesha kwamba mara tu baada ya kuanza kuona hawakuweza kuoanisha walichokigusa na walichokiona. Wafumbaji wangepiga magoti kwa furaha: vipande vipo, mshono bado.

Kuna ukweli wowote wa kisayansi humu, au ni porojo?

Porojo zimejengwa juu ya shimo la kweli, tena shimo halisi. Mahali neva ya jicho inapotokea nyuma ya mboni, ukutani mwa jicho, hapana chembe za kupokea mwanga. Chora msalaba mdogo kwenye karatasi, na kulia kwake, kama sentimita 8, weka nukta nene. Fumba jicho la kushoto. Kaza la kulia kwenye msalaba, karatasi ikiwa umbali wa sentimita 30 hivi, kisha uisogeze mbele na nyuma polepole. Kuna mahali nukta itapotea. Usichoke na kupotea kwake, tazama kilichobaki: hutaona shimo jeusi, utaona karatasi nyeupe. Nani kaijaza? Mwanasayansi wa Ufaransa, Edme Mariotte, aliligundua doa hilo katika karne ya 17, na sisi wengine tunazunguka nalo kila siku bila habari.

Simama tena mbele ya kioo. Tazama jicho lako la kushoto, kisha la kulia, kisha rudi. Hutayaona macho yako yakisogea hata mara moja, ingawa aliye kando yako anayaona vizuri. Au tupa jicho ghafla kwenye saa yenye mshale wa sekunde: ile sekunde ya kwanza mara nyingi huonekana ndefu kuliko zinazofuata, kana kwamba saa ilisita kukungoja. Ubongo umeziba muda ambao jicho lilikuwa safarini, na umeuziba kwa kurudi nyuma.

Pale nilipoiacha sayansi ni hapa: hakuna mtafiti anayesema nafsi hushonwa ndani ya mpepeso. Wanachosema ni kwamba wakati wa kupepesa ubongo hupunguza makali ya utambuzi wake wa macho, ndiyo maana giza halitushtui. Mengine yote ni yangu.

Je, hii si dini fulani iliyobadilishwa nguo?

Nimeulizwa hili kwa upole na pia kwa ukali. Jibu ni hapana, ila nina madeni. Wanatheolojia wa Kiislamu wa madhehebu ya Ash'ari walifundisha kwamba sifa za vitu hazidumu nyakati mbili, na kwamba Mungu huziumba upya kila kitambo. Miongoni mwa Wabudha nako kuna mafundisho ya kale kwamba kila kitu hudumu kitambo kimoja tu. Tofauti ni kubwa, na naomba isipuuzwe: kwa Maash'ari yuko Muumba anayeshikilia yote. Wafumbaji hawana wa kumtaja, na wengine wao wanalia kwa hilo usiku.

Mpinzani wao mkali zaidi, kama angefika kule, ni mwanafalsafa Ibn Sina. Aliwaza mtu aliyeumbwa akielea hewani, haoni, hasikii, viungo vyake havigusani. Je, mtu huyo angejua kwamba yupo? Ibn Sina alijibu kwamba angejua, bila kuhitaji hisi yoyote. Mfumbaji atasema mtu huyo hana vipande, basi hana cha kushona, basi hayupo bado. Nimejaribu mara nyingi kuandika mjadala wao, na kila mara Ibn Sina ananishinda. Nimeuacha.

Usingizi ni nini kwao?

Kope ndefu. Ndoto ni mshono usio na nguo.

Na kifo?

Hapo wamegawanyika, hawasalimiani, na mimi siingilii.

Mbona elimu yenyewe ni ya siri?

Kwa sababu inaharibu watu. Anayeuona mshono hawezi tena kutoutazama. Kule kuna ugonjwa uitwao nyuzi wazi: mgonjwa humwona mkewe akiingia mlangoni, kisha akiwa kando ya meza, kisha akiwa ameketi, ila hauoni mwendo wenyewe. Anamwogopa. Anahesabu wake watatu.

Huo nao nimeuazima. Mwaka 1983 watafiti wa Ujerumani walieleza habari za mwanamke aliyepoteza uwezo wa kuona mwendo baada ya ubongo wake kudhurika. Kumimina chai kulimshinda: ilionekana imeganda kama barafu, na hakujua aache lini kwa sababu hakuiona ikipanda kikombeni. Chumbani kukiwa na watu wengi alitoka, maana watu walikuwa hapa, ghafla wako pale, na hakuwaona wakisogea. Nilipoisoma habari hiyo niliacha kuandika kwa muda. Nilikuwa nikiufanya mshono kuwa pingu, kitu cha kuvunja ili mtu awe huru. Tangu hapo walimu wangu wote wana desturi moja: mwanafunzi wa daraja la kati haruhusiwi kulala nyumba asiyokuwepo mtu wa kumwita kwa jina asubuhi.

Naweza kujaribu zoezi la kokoto mwenyewe?

Unaweza, na halina hatari yoyote kwetu, maana jua letu halizimiki. Ila maji ni magumu. Anza na meza kavu na vitu saba vidogo: vifungo, mbegu, chochote. Mwenzako akae mbele yako. Kwa kuwa hana mikono ya mwalimu, mruhusu afanye kazi unapofumba macho kwa hesabu ya mbili, na mara nyingine asiguse kitu chochote. Usimwambie ni kipi unadhani kimesogea.

Nilipojaribu mara ya kwanza nilikuwa na uhakika kwamba kifungo cha bluu kilikuwa kimehamishwa karibu na ukingo wa meza, hata nikaanza kueleza kilikokuwa awali. Mwenzangu alinyamaza mpaka nilipomaliza. Kisha akaniambia kuwa tangu tuanze alikuwa amekalia mikono yake.